Mshahara wa Wali: Hamed bin Muhammed, Dola Huru ya Kongo na Madai ya Malipo, 1876–1891

1.0 Utangulizi

Mtumishi wa serikali anayedai mshahara wake hukabiliwa na maswali mawili. La kwanza linahusu hati: aliajiriwa na nani, kwa kiasi gani, na kwa masharti yapi? La pili linahusu baraza: ni mahakama ipi yenye uwezo wa kumsikiliza na kumshurutisha mdaiwa alipe? Mara nyingi jibu la swali la kwanza hupatikana, na haki ikapotea katika la pili.

Makala haya yanayachunguza maswali hayo kwa kutumia mfano wa zamani kutoka Maniema ya kusini, yaani nchi ya Nyangwe, Kasongo na Kabambare. Mhusika mkuu ni Hamed bin Muhammed el Murjebi, ajulikanaye zaidi kwa jina la Tippu Tip. Msomaji wa Kiswahili anamfahamu kwa habari za maisha yake alizoziandika mwenyewe kwa herufi za Kiarabu, ambazo Heinrich Brode alizigeuza kuwa za Kilatini na kuzichapisha Berlin mwaka 1902 na 1903. W. H. Whiteley alizitolea tafsiri ya Kiingereza mwishoni mwa miaka ya 1950, na François Bontinck akatoa ya Kifaransa mwaka 1974. Kwa kawaida kitabu hicho husomwa kama habari za safari, vita na pembe. Hapa tutakisoma kama habari za malipo: nani aliahidi nini, nani alilipa, na nani aliweza kudai.

Hoja yetu ni kwamba katika muda wa miaka kumi na mitano Hamed alikuwa mdai mara moja na mdaiwa mara moja, na mtu aliyesimama upande wa pili ni yuleyule, yaani Henry Morton Stanley. Alipokuwa mdai hakuwa na mahakama. Alipokuwa mdaiwa mahakama ilikuwapo, nayo ilizifikia fedha zake kabla yeye mwenyewe hajapata nafasi ya kujieleza. Kati ya madai hayo mawili ndipo ulipoingia mshahara wa serikali.

2.0 Nyangwe na mapatano ya mwaka 1876

Nyangwe, kwenye ukingo wa kulia wa mto Lualaba, ilikuwa kituo cha wafanyabiashara wa pwani na soko kubwa la wenyeji kabla ya mzungu yeyote kufika. Livingstone aliingia hapo Machi 1871, na tarehe 15 Julai mwaka huo alishuhudia watu wa pwani wakiwapiga risasi watu waliokuwa sokoni. Cameron alifika mwaka 1874, akatafuta mitumbwi ya kushuka mto, akaikosa. Kwa hiyo Stanley alipofika Oktoba 1876 swali lilikuwa lilelile: nani atamvusha mgeni katika misitu ya kaskazini, na kwa malipo gani?

Stanley alikutana na Hamed katika nchi ya jirani na Kasongo, wakapatana. Kwa maelezo ya Stanley, Hamed na watu wake wangemsindikiza mwendo wa vituo sitini kutoka Nyangwe kwa malipo ya dola 5,000, au reale kama watu wa pwani walivyoziita. Msafara uliondoka Nyangwe tarehe 5 Novemba 1876. Njia ilikuwa ngumu, ndui na maradhi mengine yakawaandama watu, na mwishoni mwa Desemba pande mbili ziliachana kabla ya vituo sitini kutimia. Stanley aandika kwamba alimpa Hamed hati ya dola 2,600 pamoja na zawadi za vitu mbalimbali, kisha akaendelea na mto hadi bahari ya Atlantiki.

Hamed anasimulia vingine. Kwa kauli yake, kiasi alichoahidiwa kilikuwa 7,000, na hakuifuata safari ile kwa tamaa ya fedha hizo, kwani pembe alizokuwa nazo zilizidi thamani hiyo kwa mbali. Alikubali kwa hisani. Anaendelea kueleza kwamba Stanley aliahidi kumkumbuka kwa zawadi kubwa akirudi kwao, lakini kilichomfikia baadaye ni picha ya Stanley mwenyewe.

Hatuna haja ya kuamua hapa ni hesabu ya nani iliyo sahihi. Stanley angeweza kusema kwamba kazi haikumalizika, na kwa hiyo malipo yalipunguzwa kwa maafikiano. Hamed angeweza kusema kwamba bila yeye kazi isingeanza. Hiyo ni hitilafu ya kawaida ya mkataba, na kazi ya kadhi au hakimu ni kuamua jambo la namna hiyo. Tofauti kati ya dola 5,000 na 2,600 ni dola 2,400, nayo haikuwa fedha ndogo. Lakini dai hilo lingepelekwa wapi? Nyangwe hapakuwa na baraza ambalo lingeweza kumwita mtu aliyekwisha kufika Ulaya. Hamed hakuwa na njia ya kumshitaki mwandishi wa magazeti aliyekuwa London. Dai lilibaki simulizi, na simulizi ikangoja miaka zaidi ya ishirini na mitano kabla ya kupigwa chapa.

3.0 Hati mbili za Februari 1887

Kati ya mwaka 1876 na 1887 mambo yalibadilika. Mkutano wa Berlin ulimalizika Februari 1885, na Mfalme Leopold wa Pili wa Ubelgiji akatambuliwa kuwa mkuu wa Dola Huru ya Kongo. Dola hiyo ilidai nchi ambazo watu wa Kasongo na Nyangwe walizishika kwa silaha na biashara. Agosti 1886 kituo cha Dola kwenye Maporomoko ya Stanley, mahali palipo Kisangani ya leo, kilishambuliwa na watu wa pwani, kikachomwa moto. Wakati huo Hamed mwenyewe hakuwapo. Alikuwa ameelekea Unguja.

Stanley alifika Unguja tarehe 22 Februari 1887 akiwa njiani kwenda kumtoa Emin Pasha, gavana wa jimbo la Ikweta chini ya serikali ya Misri. Tarehe 24 hati zilitiwa saini mbele ya Holmwood, balozi wa Uingereza. Zilikuwa mapatano mawili, na ni muhimu kuyatenganisha.

Katika mapatano ya kwanza Stanley alisema kwa niaba ya Mfalme Leopold. Hamed aliteuliwa kuwa Wali wa Dola kwenye Maporomoko ya Stanley kwa mshahara wa pauni 30 kwa mwezi, utakaolipwa kwa wakala wake Unguja. Alitakiwa kuipandisha bendera ya Dola, kuilinda amri yake mtoni, kuzuia biashara ya watumwa, na kumpokea ofisa wa Dola ambaye angekuwa karani wake. Alibakiziwa uhuru wa kuendesha biashara yake ya halali.

Katika mapatano ya pili Stanley alisema kwa niaba ya msafara wa kumwokoa Emin. Hamed angetoa wapagazi 600 wa kubeba baruti na risasi hadi Ziwa Albert na kurudi na pembe za Emin, ambazo Stanley alizikadiria kuwa tani 75 zenye thamani ya pauni 60,000. Malipo yalikuwa pauni 6 kwa kila mpagazi mwenye mzigo.

Tukipiga hesabu tutaona uzito wa hati hizo haukuwa sawa. Pauni 30 kwa mwezi ni pauni 360 kwa mwaka. Wapagazi 600 kwa pauni 6 ni pauni 3,600, yaani mshahara wa miaka kumi. Dola 5,000 za mwaka 1876 zilikaribia pauni 1,000, yaani mshahara wa karibu miaka mitatu kwa mwendo wa wiki chache. Kwa tajiri wa pembe, mshahara wa Wali ulikuwa kitu kidogo. Hamed alilitambua hilo. Asimulia kwamba alikwenda kutaka shauri kwa Sayyid Barghash, na Sayyid, ambaye mwenyewe alikuwa ameshaona kwamba bara inamtoka mikononi, akamtia moyo akubali.

Basi mshahara huo ulinunua nini? Neno lenyewe latusaidia kujibu. Mshahara ni neno lenye asili ya Kiarabu linalotokana na jina la mwezi: ni malipo yanayomfuata mtu mwezi hata mwezi kwa sababu ya cheo alichonacho. Ujira ni malipo ya kazi, nayo ikiisha umekwisha. Zawadi hutokana na hisani ya mtoaji. Mwaka 1876 Hamed alishughulika na ujira na zawadi, na katika yote mawili alibaki bwana wa nafsi yake. Mwaka 1887 aliingia katika mshahara. Hata ukiwa mdogo, mshahara humwingiza mpokeaji katika daftari la anayelipa. Kwa pauni 30 Dola Huru ilipata kuandika kwamba mwenye nguvu zaidi katika Lualaba ni mtumishi wake, na kwamba nchi aliyoishika ni nchi ya Dola.

Inafaa kukumbuka kwamba msafara huohuo ulibeba ahadi nyingine ya mshahara. Maofisa na askari wa Emin walikuwa watumishi wa serikali ya Misri waliokatiwa njia kwa miaka kadhaa kwa sababu ya vita vya Mahdi. Barua ya Khedive Tawfik, ambayo Stanley alimkabidhi Emin mwaka 1888, iliwaarifu kwamba watakaorudi Misri watapewa mishahara yao iliyolimbikizwa, na watakaobaki wabaki kwa hiari yao wasitazamie msaada wa serikali. Kwa hiyo hata huko haki ya malipo ya kazi iliyokwisha kufanywa iliwekewa sharti jipya: ili mtu alipwe, ilimlazimu kwanza aiache nchi aliyoilinda.

4.0 Yambuya na Kasongo: kazi iliyochelewa

Hamed alisafiri na Stanley kwa meli kupitia Rasi ya Tumaini Jema, akafika Maporomoko Juni 1887. Stanley aliingia msituni tarehe 28 Juni, akimwacha Meja Barttelot na kikosi cha nyuma Yambuya, kwenye mto Aruwimi, wawasubiri wapagazi 600. Wapagazi hawakuja kwa wakati. Kwa habari zilizowafikia maofisa Yambuya, Hamed alikuwa ametuma watu kwa mitumbwi, nao walikutana na upinzani mtoni wakatawanyika. Kwa upande wake Hamed alishikilia kwamba Stanley aliahidi baruti na hakuileta, na kwamba Dola haikumletea kwa wakati maofisa na askari aliowatazamia. Hapa Wali alikuwa na lawama dhidi ya mwajiri wake ambazo mtumishi yeyote wa serikali atazielewa: alipewa cheo na bendera, asipewe vifaa vya kazi.

Mwaka 1888 ofisa mmoja wa kikosi cha nyuma, Jameson, alifunga safari hadi Kasongo kumwomba Hamed atimize ahadi. Mazungumzo ya Kasongo yalizaa masharti mapya. Wapagazi wangekuwa takriban 400 badala ya 600. Msimamizi wao, Mwinyi Somai, angelipwa pauni 1,000, kiasi ambacho Barttelot na Jameson walikidhamini wenyewe. Uzito wa mizigo nao ulijadiliwa, ukashushwa kutoka ratili 60 hadi kiasi cha 40, kwa kuwa Wamanyema hawakukubali kubeba zaidi.

Sharti hilo la mwisho halikupewa nafasi kubwa katika vitabu, lakini lina maana. Pauni 6 zilihesabiwa kwa kila kichwa cha mpagazi, na mapatano yalikuwa kati ya Stanley na Hamed. Mpagazi mwenyewe hakuwa mmoja wa waliotia saini. Wengi wa wabebaji hao walikuwa watumwa au wafuasi wa wakubwa wao, wala hawakuwa na hati ya kuonyesha popote. Walichoweza kukipigania ni uzito ulio kichwani, na hilo walilipigania wakalipata. Katika habari hii yote, ratili 20 zilizopunguzwa kwenye mzigo ndizo haki pekee ambayo mfanyakazi wa chini kabisa aliipata bila mahakama.

Msafara uliondoka Yambuya Juni 1888. Tarehe 19 Julai Barttelot alipigwa risasi na Mmanyema mmoja huko Banalya, akafa. Mwinyi Somai alikimbia, na Jameson alikufa kwa homa tarehe 17 Agosti, siku ileile Stanley aliporudi Banalya na kukuta mabaki ya kikosi. Watu zaidi ya mia moja walikuwa wamekufa kwa njaa na maradhi. Maafa kama hayo yalihitaji mtu wa kubeba lawama, na hati ya wapagazi 600 ilikuwapo.

5.0 Dai la Unguja

Stanley alifika Unguja Desemba 1889. Huko akapata habari kwamba Jaffer Tharia, tajiri wa Kihindi, alikuwa ameshika pauni 10,600 za dhahabu kwa niaba ya Hamed. Fedha hizo zilitoka kwa Dola Huru ya Kongo, nazo zilikuwa bei ya pembe ambazo Hamed aliiuzia Dola. Stanley akafungua dai la pauni 10,000 katika mahakama ya ubalozi wa Uingereza kwa kosa la kuvunja mkataba, akaomba fedha hizo zizuiwe.

Msomaji azingatie jinsi njia hiyo ilivyojengwa. Hamed hakuwa raia wa Uingereza, na wakati huo alikuwa mbali sana, kwenye mto Kongo. Lakini Jaffer Tharia alikuwa raia wa Uingereza kwa asili yake ya India, na kwa hiyo alikuwa chini ya mamlaka ya mahakama ya ubalozi. Mahakama haikuhitaji kumkamata Wali. Ilitosha kumzuia mtunza fedha zake. Pauni 10,000 zilikuwa sawa na mshahara wa Wali wa karibu miaka ishirini na minane. Tena, fedha alizolipwa na Dola moja kwa pembe zilizuiwa kwa sababu ya mapatano mengine, aliyoyafanya na msafara. Hati mbili za siku moja, tulizozitenganisha hapo juu, ziligongana katika sanduku moja la dhahabu.

Habari za dai zilimfikia Hamed bara. Alitakiwa aende pwani kujibu, la sivyo shauri lingeamuliwa bila yeye. Alimwacha Rashid bin Muhammed ashike nafasi yake kwenye Maporomoko, akaondoka mwaka 1890 kupitia nchi ya Kasongo, akavuka Tanganyika, akaugua njiani, na kufika Unguja Julai 1891. Shauri lenyewe halikufika kwenye hukumu. Dai liliachwa, na hakuna hakimu aliyepata kutamka kwamba Hamed alivunja mkataba.

Mtu anaweza kusema kwamba kwa kuwa dai liliachwa, halikumdhuru. Matukio yaliyofuata yanaonyesha vingine. Dai lilimwondoa Maniema, naye hakurudi tena. Mwezi Septemba 1891 Dola ilitoa amri ya kuzishika pembe na mpira kwa faida yake, na hivyo kuukata mzizi wa biashara ambayo hati ya 1887 ilikuwa imeihakikishia. Mwaka 1892 vita vilizuka, na mwanawe Sefu akawa mmoja wa viongozi upande wa watu wa pwani. Jeshi la Dola chini ya Dhanis liliingia Nyangwe tarehe 4 Machi 1893 na Kasongo tarehe 22 Aprili. Sefu aliuawa mwaka huohuo, na Kabambare ikaanguka Januari 1894. Haitakuwa sahihi kusema kwamba vita vililetwa na shauri la Unguja, kwa kuwa mgongano wa biashara ulikuwa mkubwa kuliko mtu mmoja. Lakini mzee ambaye pande zote mbili zilimsikiliza alikuwa Unguja, na kilichomtoa bara ni mwito wa mahakama.

6.0 Hitimisho

Tumeona madai mawili. Dai la Hamed la mwaka 1876 lilikuwa na kazi iliyofanywa, ahadi na mashahidi, lakini halikuwa na baraza. Dai la Stanley la mwaka 1889 lilikuwa na ushahidi wenye utata na majibu yenye nguvu dhidi yake, lakini lilikuwa na baraza, na baraza lilikuwa na mkono wa kuzishika fedha. Tofauti hiyo ndiyo iliyoamua mambo zaidi ya ukweli wa hesabu. Mshahara wa pauni 30 ulimpa Hamed cheo katika serikali, lakini haukumpa mahali pa kuishitaki serikali hiyo ilipochelewesha ahadi zake au ilipoitwaa nchi yake.

Hamed alikufa Unguja Juni 1905. Alichokuwa nacho badala ya mahakama ni kalamu. Tukisoma kurasa zake ambamo anataja kiasi alichoahidiwa, kazi aliyoifanya na picha aliyoletewa, tunasoma kitu kinachofanana sana na hati ya madai: ina mdaiwa, kiasi, sababu na mashahidi. Wanafunzi wa fasihi wanaozitafuta tanzu za nathari ya Kiswahili wangefaidika kuitazama sehemu hiyo kwa jicho la mwanasheria, na si kwa jicho la msimulizi wa safari pekee. Tusisahau, hata hivyo, kwamba mdai huyu naye alikuwa na wadai wake. Wapagazi, watumwa na watu wa vijiji vya Lualaba hawakumwachia hati, wala kitabu chake hakiwahesabii ujira wao.

Katika Kongo ya Chini watu walimpa Stanley jina la Bula Matari, mvunja mawe, na jina hilo likaenea hadi likawa jina la serikali yenyewe. Hivyo jina la mtu ambaye Hamed alimhesabu kuwa hakumlipa ndilo lililokuja kuwa jina la mwajiri mkuu wa nchi. Swali la mshahara halikuisha na Dola Huru. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990, serikali ya Zaire iliposhindwa kuwalipa walimu wake ipasavyo, wazazi walianza kuchanga ili shule zisifungwe, na desturi hiyo ilidumu hadi elimu ya msingi ilipotangazwa kuwa bure mwaka 2019. Mwalimu wa Kasongo wa miaka hiyo alikuwa na barua ya kuajiriwa, alikuwa na namba katika daftari la serikali, na kazi yake ilionekana kila siku. Swali la hati alikuwa na jibu lake. Swali la baraza lilibaki palepale lilipokuwa Nyangwe mwaka 1876.